Fagio na Michoro ya Marehemu

9 Machi

Mvua ya kwanza imeanza jana jioni, bila ngurumo, kama mgeni anayeingia bila kubisha hodi. Naandika kwa penseli kwa sababu kalamu ya wino inakatakata nikiandika nimeegemea mito, na siku hizi sina namna nyingine ya kukaa. Nikilala chali pumzi inaniishia. Daktari ni kijana mstaarabu. Alizungusha maneno mpaka nikamwonea huruma, nikamsaidia: "Unataka kusema mvua hizi sizimalizi." Akajibu, "Mwalimu, tutaona." Nimefundisha wakunga maisha yangu yote ya kazi. Najua "tutaona" ya daktari ina maana gani.

Basi nimebakiza jambo moja. Kwenye kamusi elezo ya mtandaoni, ile inayoandikwa na yeyote mwenye nia, nimekuwa nikiandika kurasa za uzazi kwa Kiswahili, na ndani yake nimeweka michoro sita aliyoichora marehemu mke wangu kwa ajili ya darasa langu. Karatasi zenyewe mchwa walishazimaliza. Zilizobaki ni picha nilizozipiga mapema, nikazipakia kwenye ghala la pamoja, ambamo kamusi za lugha zote huchota picha. Nataka nikifa ziwe salama humo. Ndiyo haja yangu yote.

10 Machi

Mvua. Miguu imevimba. Aya mbili tu.

12 Machi

Nimefanya kituko. Jana niliona mchoro wa kwanza, ule wa mtoto kichwa chini, hauna maneno. Nikaandika humo kondo la nyuma, kitovu, mlango wa uzazi, kwa herufi safi, kisha nikaupakia juu ya ule wa zamani kwa jina lile lile. Ukurasa wetu ukapendeza. Nikalala nimefurahi.

Asubuhi mkwe wangu akaja na uji na simu mkononi, anacheka mpaka uji unamwagika. Huyu ni mke wa mwanangu. Anafundisha watu kuendesha magari, na ndiye anayeniangalia wakati mwanangu yuko safarini kikazi. Kusema kweli nilimwona siku zote kama mtu wa kelele.

"Baba, umeteka dunia!"

Kumbe mchoro ule unatumika kwenye kamusi za lugha zaidi ya thelathini, na wote wanachota faili moja. Watu wa mataifa yote wameamka wakakuta mtoto wao ameandikwa "kondo la nyuma".

"Waache wajifunze," nikasema.

"Hapo umepita taa nyekundu, Baba. Mwanafunzi wangu akifanya hivyo namshusha garini."

Kabla ya mchana kuna mtu alikuwa ameshaurudisha ule wa zamani. Jina lake la mtandaoni halitamkiki. Hatujui ni mwanamume au mwanamke, wala anaishi wapi. Mkwe amempa jina la Fagio, maana kazi yake ni kufagia ghala. Aliniachia ujumbe kwa Kiswahili cha mtu aliyejifunzia vitabuni: "Ndugu mpakiaji, mchoro wenye maneno ni mzuri. Tafadhali uupakie kwa jina jipya, ili wasiosoma Kiswahili wabaki na wao." Nikamjibu kwamba nilikuwa nafundisha uzazi kabla yeye hajazaliwa.

13 Machi

Hakujibu matusi yangu. Badala yake amepitia kila nilichowahi kupakia.

14 Machi

Leo nimekuta alama juu ya michoro yote sita: itafutwa baada ya wiki moja ikiwa haitathibitishwa nani aliichora na nani ameruhusu itumike. Niliandika mchoraji ni marehemu mke wangu. Fagio anauliza: "Ikiwa amefariki, haki imerithiwa na nani, na je, warithi wote wanakubali?"

Nikaanza kumjibu kwa hasira, mkwe akaninyang'anya kompyuta. Nikasubiri aende kazini, nikaichukua tena nikaandika yaliyonijia. Sitayarudia hapa. Jioni nikakuta nimefungiwa kuandika kwa siku tatu.

"Umesimamishwa nje ya darasa," mkwe akasema. Hakucheka safari hii. "Baba, kwani swali lake lina ubaya gani? Amekuuliza za nani. Si ni za Mama?"

"Ni za Mama!"

"Basi tuandike hivyo, kwa adabu. Tuma kwa jina langu. Breki kwanza, halafu gia."

15 Machi

Mwanangu amepigiwa simu. Amekubali kwa niaba yake kama mrithi. Mimi pia. Mkwe ameandika, ametuma. Mvua usiku kucha.

17 Machi

Fagio amemjibu mkwe, na jibu hili nimelisoma mara nyingi kuliko ninavyotaka kukiri.

"Nashukuru. Naomba radhi kwa kuuliza tena. Katika michoro mitano, mistari ya kivuli imelala kuelekea kulia, kama afanyavyo mtu anayetumia mkono wa kulia. Katika mchoro wa mikono ya mkunga, mistari imelala kuelekea kushoto. Je, huenda mchoraji ni mwingine?"

Nikaomba miwani. Nikakuza mchoro mpaka ukajaa kioo. Mikono miwili inapokea kichwa cha mtoto, vidole vimefunguka kidogo, havishiki, vinasubiri tu. Nimeusimamia mchoro huu mbele ya mamia ya wanafunzi na fimbo yangu ya kuelekezea. Mistari imelala kushoto. Sijawahi kuiona.

Na mimi ninamjua mtu mmoja tu wa mkono wa kushoto katika ukoo wa marehemu.

18 Machi

Mdogo wa mke wangu hajakanyaga nyumba hii tangu mazishi. Nilidhani ni uzee, au umbali, au magoti. Mkwe ameahidi kumfuata kwa gari la mafunzo Jumamosi.

19 Machi

Kifua kibaya. Sikuandika.

22 Machi

Shemeji amekuja. Ameshuka kwenye gari lenye bango la MWANAFUNZI juu ya paa, amelowa, analalamika toka mlangoni.

"Huyu mkweo anaendesha polepole kama anabeba mayai. Nimezeeka njiani."

"Ningekimbia ungesema nataka kukuua, Ma'mdogo," mkwe akasema.

"Ungeniua ningepumzika." Akanitazama pale kwenye mito. Uso ukamlegea kidogo, akaukaza tena. "Shemeji. Umekonda mpaka masikio yameonekana makubwa."

"Karibu, Shemeji. Kaa."

Nikamwonyesha mchoro wa mikono. Nikamuuliza bila kuzunguka. Hakukitazama kioo, alitazama dirisha.

"Na wewe umeambiwa na nani?"

"Na mtu nisiyemjua. Ameona mistari."

Kisha akasema maneno ambayo nayaandika kama alivyoyasema, kwa sababu nimeyastahili. "Siku ya mazishi ulisimama ukasema marehemu ametuachia mikono hii, hakuna aliyewahi kuchora mikono kama mke wako. Mimi nilikuwa mstari wa mbele. Nasikia mkono wangu unasifiwa kwa jina la mtu mwingine. Ningefanyaje, ninyanyuke msibani niseme huo wangu? Watu wangesema nimerukwa na akili. Nikarudi kwangu. Nikakaa."

"Kwa nini yeye hakuniambia?"

"Alikwambia. Ulikuwa unasahihisha mitihani, ukasema 'mm'."

Mkwe akatoka kwenda jikoni kutafuta kitu ambacho hakikuwepo.

Nilimwomba radhi. Alikubali kwa kunipangusa uji kwenye kidevu kwa nguvu kuliko ilivyohitajika. Kisha akasema picha yake itumiwe na yeyote, hata na mwizi, mradi chini yake iandikwe kwamba kaichora yeye. Mkwe akaandika papo hapo.

23 Machi

Shemeji amelala hapa kwa sababu ya mafuriko barabarani. Anakoroma. Nyumba ina watu.

26 Machi

Fagio amefunga shauri: "Imethibitishwa. Michoro yote sita ibaki." Kisha akaongeza kwangu peke yangu, akijua nimeshafunguliwa: "Samahani kwa usumbufu, Mwalimu. Picha ikitoka humu inakwenda kwa watu ambao mimi na wewe hatutawaona. Mtu ataichapa kitabuni akiwa ametuamini. Siku mwenye haki akijitokeza, atakayeshikwa ni huyo aliyechapa, si sisi. Kwa hiyo nauliza sasa kwa niaba yake."

Nilikuwa nimemdhania mtu mwenye roho ya karani wa mlangoni. Kumbe muda wote huo alikuwa anamlinda mchapaji mmoja maskini ambaye bado hajatokea. Nimejaribu kukumbuka kama katika kazi yangu niliwahi kumlinda mtu ambaye hayupo. Labda watoto wale, kabla hawajazaliwa. Lakini hao nilijua wanakuja.

Nimelala vizuri kwa mara ya kwanza.

27 Machi

Ningeacha kuandika hapa, kitabu kingeishia pazuri.

Tulikuwa tunakunywa chai, sisi watatu. Shemeji alikuwa amechangamka, anatusimulia walivyofanya kazi na dada yake miaka ile. Mkwe akasema mchoro unaopendwa kuliko yote ni ule wa mtoto kichwa chini, thelathini na kitu lugha. Shemeji akacheka.

"Ule? Ule tuliubandika kwenye kioo cha dirisha, jua likatuwashia. Kitabu chini, karatasi juu, penseli inafuata mstari. Dakika tu."

"Kitabu gani?" nikauliza.

"Kile kikubwa cha maktaba ya chuo chako. Wewe ulitaka yote sita Jumatatu. Dada alikuwa amemaliza minne, mimi wa tano, na siku imekwisha."

Mkwe hakuelewa. Alikuwa anapuliza chai. Mimi nilielewa mara moja. Kitabu kile nakijua, chenye mchoraji wake, jina lake ukurasa wa mbele. Kilichapwa nikiwa tayari mkufunzi. Haki yake bado hai kabisa.

Mchoro wa mke wangu unaotazamwa kuliko yote si wa mke wangu.

28 Machi

Sikusema kitu.

29 Machi

Mvua kubwa. Sikusema kitu. Fagio ameridhika, shauri limefungwa. Shemeji hajui uzito wa alichosema. Nikinyamaza wiki chache hivi, jambo linakwenda na mimi.

30 Machi

Kuna ujumbe kwenye ukurasa wa majadiliano wa mchoro ule, kutoka kwa mkunga wa nchi ya mbali, kwa lugha yake. Mkwe ameupitisha kwenye mashine ya kutafsiri. Anasema ameuchapa mkubwa akaubandika kwenye chumba cha kujifungulia, na kina mama wakiingia na hofu huwaonyesha, "Mtazame, yuko tayari, anaijua njia." Anamshukuru mchoraji.

Mkwe alisoma kwa sauti, macho yamemjaa. "Mama angefurahi sana."

Nikamwomba anisogezee mto.

31 Machi

Nakiri hapa, kwa kuwa kwingine sijapata nguvu. Kwa siku nne nimekuwa nikijua. Na sikunyamaza kwa ajili ya kina mama wale. Nilitaka jina la mke wangu libaki chini ya kitu kizuri ambacho dunia inakipenda. Nilitaka nikifika huko niliko karibu kufika, niwe nimemwacha akiwa maarufu. Ni tamaa ya mwanaume aliyejibu "mm" wakati mkewe anaongea.

Na yule mkunga ameubandika ukutani. Kesho ataufanya kijitabu. Ndiye yule mtu wa Fagio. Amejitokeza.

1 Aprili

Asubuhi nimewaita wote wawili kitandani nikawaeleza. Mkwe alisimama akakaa akasimama.

"Baba, si imeshapita? Nani atajua?"

"Mimi najua. Na wewe sasa. Na Shemeji."

"Mimi msinitie," Shemeji akasema. "Mimi nilishika karatasi tu isiteleze."

"Itafutwa kote, Baba. Lugha zote zile."

"Ndiyo."

Yule mtu wa kelele akaleta kompyuta akaiweka magotini mwake. "Sema, naandika. Usikimbie, unapumua vibaya." Nikasema, naye akaandika kila neno bila kulilainisha, hata pale niliposema nimejua kwa siku tano. Pale aliniuliza, "Na hili?" Nikasema, na hilo. Akaliandika. Nimekaa na binti huyu nyumba moja miaka hii yote nikimsikia sauti tu.

2 Aprili

Hakuna jibu. Nilingoja kama mwanafunzi.

3 Aprili

Fagio amejibu.

"Mwalimu, nimekitafuta kitabu. Ni kweli. Nimefanya kazi hii muda mrefu. Wengi huniandikia ili picha isifutwe. Wewe ni wa kwanza kuniandikia ili picha yako mwenyewe ifutwe. Nitaiondoa, lakini si leo. Nipe siku chache, nisiache mashimo."

Hatukuelewa maana ya mashimo.

6 Aprili

Sasa tumeelewa. Faili ikifutwa ghalani, kila kamusi hubaki na nafasi tupu, na chini yake sentensi inayosema "kama inavyoonekana pichani" wakati hapaonekani kitu. Mashine ingeweza kuyafyeka majina ya faili na kuacha sentensi zikining'inia. Fagio hakuiachia mashine. Anaingia ukurasa mmoja baada ya mwingine, lugha moja baada ya nyingine, anarekebisha sentensi kwa mkono. Asipoijua lugha, anamtafuta mwenye lugha hiyo na kumwomba kwa heshima. Mkwe ananisomea jinsi maombi yale yanavyoanza. Yote yanaanza kwa salamu.

Yule mkunga wa mbali naye ameandikiwa. Ameambiwa ukweli, na kwamba kwa ule wa ukutani asiogope, ila asiuchapishe.

Hakuna anayemlipa. Hakuna atakayejua. Nimewafundisha wanafunzi wangu kwamba mkunga mzuri ni yule ambaye mama hasimulii habari zake, kwa sababu hakuna lililoharibika. Nilidhani nakijua nilichokuwa nasema.

8 Aprili

Umefutwa. Nilitaka niutazame mara ya mwisho, nikachelewa kwa usingizi. Kwenye ukurasa wetu maneno yamekaa vizuri, hayadai picha. Nililia kidogo, Shemeji akajifanya anatafuta sindano.

11 Aprili

Leo naandika mstari mmoja mmoja, nikipumzika katikati.

Shemeji ameamka na karatasi nyeupe. Hakuaga wala kuomba. Amekaa karibu na dirisha, jicho moja lina ukungu, mkono wa kushoto unatetemeka mpaka penseli iguse karatasi, halafu unatulia.

"Haya, Mwalimu. Mtoto analalaje? Nisiangalie kitabu chochote. Niambie."

Nikamwambia. Kidevu kimegusa kifua. Mgongo umepinda hivi. Magoti juu, miguu imekunjana, mmoja mbele ya mwingine.

"Mikono?"

"Imekumbatia kifua."

"Kama anasikia baridi?"

"Kama anafikiri."

"Kichwa hiki kikubwa."

"Ndivyo kilivyo, Shemeji, chora."

"Nachora. Nyamaza sasa, unanitikisa."

13 Aprili

Bado anachora. Amefuta mguu mara nyingi. Mtoto huyu si mzuri kama yule wa kitabuni. Ana uso wa mtu aliyesumbuliwa. Nampenda zaidi.

15 Aprili

Naona penseli inaniponyoka. Mkwe anaandika, mimi nasema.

Mchoro umekwisha. Mkwe amemfungulia Shemeji akaunti yake mwenyewe, maana nimekataa upite kwa jina langu. Alimfundisha kama anavyofundisha garini: "Polepole, Ma'mdogo, kidole kimoja, usibonyeze yote." Shemeji akamtukana, akabonyeza. Kwa sasa uko kwenye ukurasa wetu wa Kiswahili peke yake. Lugha nyingine watauchukua wakitaka.

16 Aprili

Mkwe ndiye anaandika tena. Mvua imepungua.

Asubuhi Shemeji ameingia chumbani na simu, amefura.

"Shemeji! Kuna mtu ananihoji!"

Mkwe akausoma ujumbe: "Ndugu mpakiaji, karibu ghalani. Mchoro ni mzuri. Tafadhali thibitisha ni nani aliyeuchora."

Ni Fagio. Anajua vizuri ni nani, mistari yote imelala kushoto. Ameuliza vilevile, kama alivyoniuliza mimi, kama atakavyomuuliza mwingine. Nilicheka mpaka kifua kikauma, mkwe akaniinua kwenye mito, ananikaripia huku naye anacheka.

"Mnacheka nini? Huyu ni nani wa kuniuliza mimi?"

"Mjibu tu, Ma'mdogo."

Akavuta kiti. Akakaa wima, kama mtu anayepigwa picha ya pasipoti.

"Andika: nimechora mimi. Kwa mkono huu. Na kama haamini, aje niuchore tena mbele yake."